Kisigino cha Emmett

Jumatatu, 24 Julai

Kambi imefunguliwa leo. Joto la kukausha mate.

Emmett alikuwa na tabia ya kunipigia simu kila jioni kabla ya chakula, hata kama tumeachana sasa hivi kwenye maegesho ya uwanja. Alipenda kunisimulia yale tuliyoyaona pamoja, kana kwamba mimi sikuwepo. Sasa saa ile ikifika simu iko kimya nami sijui pa kuiweka mikono. Nimenunua daftari hili ili mikono ipate kazi.

Katika chumba cha video sisi watu wa safu ya mbele hukaa kama tunavyosimama uwanjani. Wendell Oakes ukingoni kushoto, kisha mimi, kisha mtu wa kati, kisha wale wawili wa kulia. Kiti cha kati kilikuwa cha kaka yangu Emmett miaka yote ambayo tumecheza mpira wa Kimarekani hapa Toledo. Leo nimeingia nikamkuta Ambrose Tolliver amesimama nyuma ya kiti hicho, hajaketi. Si kijana. Amezunguka timu sita, na kote huko alikuwa mtu wa akiba. Ni mtu wa Mississippi, kifua kama pipa, sauti nyororo.

"Bodnar," akasema, "naweza kukaa hapa?"

"Kiti cha timu hicho," nikasema.

Akakaa. Kiti kile hulia ukikikalia vibaya. Emmett alijua namna ya kukikalia kikanyamaza. Kikalia. Wendell akacheka, na mimi nikafurahi moyoni kwa jambo dogo kama hilo.

Jumatano, 26 Julai

Joto. Tolliver huimba akifunga plasta vidoleni. Watu wameshampenda.

Alhamisi, 3 Agosti

Leo ameanza kuyatumia majina yetu.

Mtu wa kati ndiye anayepaza sauti kabla ya kuupitisha mpira katikati ya miguu yake kumpa mrushaji, ambaye kazi ya safu yetu ni kumkinga asiangushwe. Anaangalia jinsi maadui walivyojipanga, kisha anatuambia safu nzima isogee kushoto au kulia. Kila timu ina maneno yake. Yetu aliyachagua Emmett: "Ilona" ni kushoto, "Margit" ni kulia, kwa sababu ukisimama mlangoni kwa Mama ukitazama barabara, nyumba ya Bibi Ilona ilikuwa kushoto na ya Shangazi Margit iko kulia. Wendell, mtu wa Georgia ambaye hakumwona bibi yetu hata kwenye picha, ameliitikia jina lake miaka na miaka.

Tolliver alipaza sauti, "Ilona! Ilona!" Wote wakasogea kushoto. Mimi pia, uso nimeukunja. Bibi amelala makaburini kwa Mtakatifu Stefano, na huyu ambaye hakuwahi kula hata kijiko cha supu yake anamwita kana kwamba anamdai.

"Nimelitamka vizuri?" akaniuliza tukinywa maji.

"Hapana."

"Nirekebishe basi, kaka."

"Utazoea."

Alilitamka vizuri kabisa.

Alhamisi, 10 Agosti

Tangu Emmett afe mwezi wa Aprili nimerudi kukaa kwa Mama. Emmett alikuwa juu ya ngazi akimsafishia Mama mifereji ya paa, moyo ukasimama. Mama alidhani ameteremka kupumzika.

Alhamisi ni siku ya watu wa safu kula hapa. Nilimwambia Mama mwaka huu tuache. Akaniangalia juu ya miwani.

"Wanaume watano hula kwangu Alhamisi. Umesikia nimesema nimechoka?"

Basi wakaja. Mama alipika kuku wa paprika na vitonge vya unga, sufuria ile kubwa. Tolliver naye alikuja na bakuli la bamia alizopika mwenyewe. Nikajua Mama hatazigusa. Nyumba hii haijawahi kuona bamia. Alikula, akaongeza.

Shangazi Margit alivuka ua kuja kumkagua mgeni. "Ni wewe unayeniita siku hizi?"

"Ni mimi, mama."

"Emmett alikuwa mchoyo. Siku zote Ilona, Ilona. Mimi nasubiri kwenye televisheni, siitwi. Mnaogopa kwenda kulia?"

"Mwaka huu nitakuita mpaka uniombe ninyamaze."

"Tutaona. Wanaume wa Bodnar wote huahidi."

Mama alicheka mpaka akashika meza. Tangu Aprili nimejaribu kumchekesha kwa kila njia, nimemletea hata paka. Bamia na maneno mawili, basi, amecheka.

Nilikwenda kuosha vyombo kabla watu hawajamaliza kula.

Jumanne, 22 Agosti

Kocha Stroud, anayetufundisha sisi wa safu, alinizuia baada ya mazoezi.

"Lyle, nataka kukuuliza kitu. Kati yako na Emmett hapakuwahi kupita mtu. Wale mabeki wa maadui wakifanya ule mchezo wao wa kupishana, mmoja kuja kwa huyu na mwingine kwa yule, ninyi mlikuwa mmeshabadilishana kabla hawajanyanyua mguu. Sikusikia neno. Mlikuwa mnajuaje?"

"Tulijua tu, Kocha."

"Mlijua tu."

"Tumelala chumba kimoja tangu utoto."

Akatikisa kichwa, akaondoka. Ni kweli tulilala chumba kimoja. Lakini si hivyo tulivyojua.

Naandika hapa kwa kuwa sijamwambia mtu. Emmett alisoma vidole. Beki akikusudia kuja moja kwa moja huegemea mkono wake chini, vifundo vya vidole vinakuwa vyeupe. Akikusudia kukata upande, uzito umo miguuni, vidole vinagusa tu nyasi. Emmett aliona hilo hata kwenye mvua. Akiliona, alinyanyua kisigino cha kushoto kidogo tu, unene wa kipande cha mkate. Mimi sikutazama vidole vya mtu. Nilitazama kisigino cha kaka yangu: kikinyanyuka, tunabadilishana watu.

Nilipaswa kumwambia Kocha, na Kocha amwambie Tolliver. Amekipata kiti, amepata majina, amepata Alhamisi. Kisigino, hapana.

Jumapili, 10 Septemba

Mechi ya kwanza, nyumbani, dhidi ya Omaha. Tumeshinda. "Margit" mara nyingi sana. Shangazi amepiga simu majirani wote.

Alhamisi, 14 Septemba

Mezani leo Mama alisema, "Emmett, nipe chumvi."

Alikuwa akimtazama Tolliver. Kila mtu aliacha kutafuna. Tolliver akachukua chumvi, akampa, akasema, "Hii hapa, mama," akaendelea kula. Hakumsahihisha wala hakujifanya hajasikia.

Mimi nina pua ya Emmett. Nina mabega yake, nina kovu karibu mahali pamoja naye, kwa sababu tulianguka kutoka baiskeli moja. Mama hajawahi hata siku moja kukosea akaniita mimi kwa jina lake.

Jumapili, 17 Septemba

Tumefungwa Memphis. Mabeki walipishana mara mbili kati yangu na Tolliver, mara zote mbili Brody Lanham, mrushaji wetu, ameangushwa.

Jumatatu, 18 Septemba

Chumba cha video kina desturi moja. Kocha akisimamisha picha mahali adui amepita, huuliza, "Wa nani huyu?" Mwenye kosa hujibu, "Wangu." Basi. Haongezi kwamba aliteleza wala kwamba jua lilimpiga machoni. Anayejieleza huwanunulia wenzake wote kifungua kinywa.

"Wa nani huyu?"

"Wangu," akasema Tolliver.

Picha ya pili. "Wa nani?"

"Wangu."

Nusu ilikuwa yangu. Nilinyamaza.

Nilipojiunga na timu hii, mdogo, mwoga, Emmett alisema "Wangu" kwa makosa yangu msimu mzima. Nilipomuuliza kwa nini, akasema, "Mimi wameshanipa mkataba, Kidogo. Wewe bado." Nilikuwa na kilo mia moja na arobaini, na yeye ndiye peke yake aliyeniita Kidogo.

Jumatano, 27 Septemba

Mvua. Wendell amenishika bega bafuni.

"Unamwangaliaje yule mtu?"

"Namwangalia nani?"

"Ambrose. Unamwangalia kama mke mkubwa aliyeletewa mke mwenza."

"Acha upuuzi."

"Mimi nakuambia tu. Na ujue jambo hili: hapa ndipo mwisho wake. Ana miaka thelathini na mbili, hajawahi kuwa wa kwanza popote. Akipoteza nafasi hii hakuna timu itakayomchukua. Atakwenda kuuza matrekta dukani kwa mkwewe."

"Kazi nzuri, matrekta."

Wendell akaondoa mkono wake begani kwangu.

Jumapili, 1 Oktoba

Tumeshinda kwa bahati.

Jumapili, 8 Oktoba

Tumefungwa. Wamepita katikati tena. Gazeti limeandika jina la Tolliver.

Jumanne, 10 Oktoba

Nilisahau glavu, nikarudi jioni. Tolliver alikuwa peke yake chumba cha video, amezima taa. Kwenye ukuta alikuwa Emmett, mechi ya mwaka juzi, baridi, mvuke unatoka kwenye kofia yake. Tolliver anarudisha nyuma, anaachia, anarudisha.

Siku zile za baridi Emmett alikuwa akiingiza mikono yake kwapani kwangu kuipasha moto kabla ya kushika mpira. Watu walitucheka. Kwenye picha ile alikuwa akinijia mikono imenyooshwa mbele, na mimi nimeshainua makwapa kumngoja.

Tolliver hakuniona. Nilisimama mlangoni. Nilitaka kumwambia, zima, huyo si wako wa kutazama. Niliacha glavu nikaenda nyumbani.

Jumapili, 15 Oktoba

Nitaandika polepole.

Nyumbani, dhidi ya Tacoma. Upepo wa ziwani, manyunyu. Robo ya tatu, tunaongoza. Tukajipanga. Tolliver akaita "Margit", akaweka mkono kwenye mpira, akainama. Na mimi nikainama. Nikatazama mbele yangu kama nilivyofanya msimu huu wote, maana pembeni hapakuwa na cha kutazama.

Kisha nikaona, kwa pembe ya jicho. Kisigino cha kushoto kimenyanyuka. Kidogo tu. Kipande cha mkate.

Sikufikiri neno lolote. Ilikuwa kama kufungua kabati la Emmett ukakuta mtu amevaa koti lake. Nilimwangalia Tolliver kwa chuki, nikiwa nimeinama vile vile, mkono chini. Mpira ukatoka. Tolliver akaenda kuchukua mtu wangu, kama inavyopaswa, na mtu wake akaja kwangu, kama inavyopaswa. Mimi nilikuwa bado natazama mguu.

Beki yule alinipita kama mlango uliosahauliwa wazi. Nikasikia Brody akianguka nyuma yangu. Sauti ya mtu kuanguka tunaijua, tunaisikia kila wiki. Hii ilikuwa na kitu ndani yake.

Mtulinga wake, mfupa wa kati ya shingo na bega, umevunjika. Walimtoa kwenye kigari, akiushika mkono wake kama mtoto aliyebeba mtoto. Tumefungwa, lakini hilo si neno.

Mama alikuwa ameona kwenye televisheni. "Ilikuwaje?" akauliza. Nikasema, "Walipishana." Akasema, "Maskini Ambrose. Watamlaumu."

Jumatatu, 16 Oktoba

Chumba cha video. Hakuna aliyetania. Kocha Stroud alicheza picha mara moja, akaisimamisha. Kwenye ukuta nimeinama, shingo imegeuka, nimeganda, na yule beki tayari yuko nusu mwili nyuma yangu.

"Wa nani huyu?"

Nilifungua mdomo. Naapa nilifungua.

"Wangu," akasema Tolliver.

Kocha akamgeukia. "Uliwaita kulia?"

"Niliita kulia, kisha nikabadilisha. Sikumpa Bodnar taarifa inavyotakiwa. Wangu."

"Unajieleza, Tolliver?"

"Samahani, Kocha. Kifungua kinywa juu yangu."

Naandika hili kwa aibu lakini ni kweli: sikuona shukrani. Niliona wivu. Kunisamehe mbele ya watu ilikuwa kazi ya Emmett, na huyu ameichukua hiyo pia.

Jumanne, 17 Oktoba

Tolliver amewekwa benchi. Ameletwa kijana kutoka akiba kucheza katikati. Inasemekana timu itamwachia Tolliver aende mwisho wa mwezi.

Nilimkuta akitia miguu kwenye barafu.

"Nilikiona kwenye video," akasema kabla sijauliza. "Wiki nzima nilikuwa natazama mikono ya kaka yako, nikidhani siri iko mikononi. Kumbe mguuni. Nilifurahi kama mwizi. Nilitaka nikushangaze."

"Ulinishangaza."

"Nilipaswa kukuomba kwanza."

"Ndiyo, ulipaswa."

"Nisamehe."

Nikasema sawa. Anamwomba radhi mtu aliyemvunjia kazi yake, na mtu huyo anasema sawa.

Alhamisi, 19 Oktoba

Hakuja kula. Mama alipakia kuku kwenye chombo, akafunga kwa taulo, akaniwekea mkononi.

"Mpelekee."

"Pengine hataki kuonana na watu, Mama."

"Sikukuuliza anataka nini. Mtu hali peke yake Alhamisi."

Nilikwenda. Amepanga nyumba ndogo karibu na mto, haina picha ukutani, masanduku hajafungua. Alikuwa ameyazoea maisha hayo, inaonekana. Nilimpa chombo mlangoni. Akanusa taulo.

"Mwambie mama yako asante. Mwambie pia," akasita, "ile siku ya chumvi, sikutaka kuchukua kitu cha mtu. Sikujua tu la kufanya."

"Ulifanya vizuri," nikasema.

Ni neno la kwanza la kweli nililomwambia tangu Julai.

Jumapili, 22 Oktoba

Ugenini, Omaha. Tumefungwa vibaya. Kijana wa akiba aliita "Ilona" akimaanisha kulia. Nusu yetu tukaenda huku, nusu kule.

Jumatatu, 23 Oktoba

Asubuhi nilipita kwa Brody kabla ya kwenda uwanjani. Mkono umefungwa kifuani. Nilimwambia ilikuwa mimi. Akauliza, "Ulikuwa unatazama nini, Lyle?"

"Mguu wa Ambrose."

"Mguu wa Ambrose," akasema. Akaangalia dirishani. "Nenda kawaambie wao. Mimi nimeshavunjika."

Chumba cha video. Kocha alianza na Omaha. Nikasimama. Hatusimami mle ndani, mimi ni mrefu, kivuli changu kikajaa ukutani.

"Kocha, naomba urudishe ya Tacoma. Ile ya Brody."

"Ile imeshasemwa."

"Ilisemwa vibaya. Yule ni wangu."

"Kaa chini, Lyle," akasema Tolliver kutoka nyuma, wanakokaa watu wa akiba. "Yule ni wangu. Nilishasema."

"Wangu!"

"Nimesema wangu!"

"Jamani," akasema Wendell, "nimeona watu wakigombania nyama. Kosa, sijawahi."

Hakuna aliyecheka sana. Kocha akawasha taa.

"Tolliver, nyamaza. Lyle, zungumza. Nakupa ruhusa ya kujieleza, na kifungua kinywa utanunua."

Nikaeleza. Vidole, uzito, kisigino. Nikaeleza kwamba Kocha aliniuliza Agosti nikamficha. Kwamba Tolliver alisoma sawa, aliniarifu sawa, na alikwenda mahali sawa. Nikafika kwenye kwa nini, nikakwama.

"Kwa nini ulisimama?" akauliza Kocha.

"Kilikuwa kisigino cha kaka yangu."

Feni ya mashine ilikuwa ikizunguka. Mmoja wa wale wa kulia alikohoa.

"Nilimzika Emmett pamoja na wewe," akasema Kocha Stroud. "Nililishika jeneza upande mmoja nawe. Kwa hiyo sikiliza vizuri. Nimemwondoa mtu kwenye nafasi yake kwa uongo wako. Nimebakiza siku chache nimwondoe kwenye timu. Tolliver, rudi kwenye kiti chako. Lyle, wewe nenda ukae nyuma alikokuwa amekaa yeye."

Tukapishana katikati ya viti, mimi naye, chumba kile ni chembamba. Ilibidi tugeuke ubavu, tumbo kwa tumbo. Hakunitazama kwa ushindi wala kwa huruma. Alikuwa na hasira. Akaninong'oneza, "Nilikupa kitu ukanirudishia mbele ya watu."

Nikaenda kukaa nyuma.

Jumapili, 29 Oktoba

Nimekaa benchi, koti limenifunika, mvua ya barafu. Nafasi yangu amecheza kijana anaitwa Delbert Haun. Robo ya pili nikaona kisigino kikinyanyuka. Haun akakiona, akabadilishana. Hakuna aliyepita. Tolliver akampiga kijana yule kofi kwenye kofia, kichwa kwa kichwa, wakicheka.

Nilidhani nimeshajua wivu wote ulivyo. Huu ulikuwa mpya. Sikuwa nikimwonea wivu Tolliver. Nilikuwa nikimwonea wivu Haun.

Alhamisi, 2 Novemba

Tolliver amekuja kula. Bamia tena. Hajanisemesha. Shangazi Margit akatazama huku na huku: "Ninyi wawili mmenuniana kama wanandoa. Nani alilala kochini?"

"Yeye," akasema Tolliver, bila kucheka.

"Basi imetosha. Mpe mwenzio mkate."

Akanipa mkate.

Jumapili, 5 Novemba

Haun ameumia goti robo ya kwanza. Kocha akanigeukia: "Haya, nenda."

Nilipofika kwenye duara letu Tolliver alisema, "Kocha alitaka nikufundishe kusoma vidole, usitegemee mguu wa mtu. Unataka?"

"Sitaki," nikasema. "Nataka mguu."

Akanitazama kupitia vyuma vya kofia. "Funga kiatu basi, kimefunguka."

Tulipokuwa tumejipanga mara ya nne au ya tano kisigino kikanyanyuka. Mwili wangu ulikwenda kabla sijajua kama nimesamehe au nimesamehewa. Niligongana na yule beki kifua kwa kifua, akakaa chini kwenye tope, na uso wake ulikuwa wa mtu aliyekuta nyumba imehamishwa.

Tumeshinda.

Jumapili, 12 Novemba

Tumeshinda. Hakuna aliyepita.

Alhamisi, 23 Novemba

Sikukuu ya Shukrani. Bata mzinga wawili na kuku wa paprika juu. Tolliver alisema sala kwa sababu Mama alimwomba. Nilingoja ule uchungu uje. Ulikuja, lakini ulikaa kidogo, kama mgeni mwenye haraka.

Jumapili, 3 Desemba

Theluji. Tolliver hawezi kuhisi vidole. Akapiga piga mikono, akapuliza. Nikabana makwapa yangu, nikamwambia, "Usiniombe." Akasema, "Sikuomba kitu." Akaenda kuipasha kwenye hita. Hayo mengine yanabaki ya Emmett. Nadhani alielewa.

Jumapili, 24 Desemba

Tumeshinda. Gazeti limemwita Tolliver ukuta. Wendell amelikata na kulibandika chooni.

Jumapili, 7 Januari

Mwisho wa msimu. Hatukufuzu kuingia hatua ya mtoano, mechi za Oktoba zilitumaliza. Kati yangu na Ambrose hajapita mtu tangu nilipotoka benchi. Kuna wazee wawili wa timu nyingine walikuwa jukwaani wakiandika. Walikuwa wakimtazama yeye.

Alhamisi, 14 Machi

Ambrose amesaini Tacoma. Mkataba mrefu, nafasi ya kwanza, nyumba ya kununua si ya kupanga. Timu yetu haikuweza kumpa hivyo.

Alikuja kuaga. Mama alimfungia kuku, kana kwamba Tacoma hakuna chakula. Shangazi Margit alimkalia kooni: huko Tacoma safu ikienda kulia wataita jina gani? Akasema atadai Margit iwekwe kwenye mkataba. Mama alimshika uso kwa mikono miwili akamwita Ambrose. Alilitamka polepole, asikosee.

Nikamsindikiza hadi garini.

"Kama ungekaa kimya siku ile," akasema, "sasa hivi nauza matrekta."

"Kama ningekaa kimya ungekuwa Mississippi, karibu kuliko Tacoma."

"Hesabu gani hiyo?"

"Yangu."

Akacheka, akanikumbatia, watu wawili wanene kati ya magari mawili, pumzi zinatoka kwa shida. Kisha akaenda.

Jioni nilimtafuta mtu anayecheza kushoto kwa mtu wa kati huko Tacoma. Anaitwa Kip Sorensen, ana miaka ishirini na minne, shingo nene, meno mazuri. Nimetazama mechi zake tatu. Anainama vizuri, ana mikono ya haraka. Anatazama mbele tu, muda wote, hageuzi jicho pembeni hata kidogo, maana bado hajui kuna nini cha kutazama. Ambrose atamwonyesha. Atamwonyesha wiki ya kwanza, bila kumficha kitu, kwa sababu ndivyo alivyo.

Ambrose namtakia heri yote. Huyo Sorensen simpendi.